Kicheko cha Jumanne Saa Nne

Wanafunzi wananiita Sabini na Tano. Wanadhani sijui. Wakiwa kwenye foleni mbele ya dirisha la ofisi yangu husukumana na kunong'onezana, "Leo Sabini na Tano kaamka vibaya," kana kwamba kuna siku huwa naamka vizuri. Jina lenyewe limetoka kwenye kanuni niliyoilinda kwa miaka kumi na minane: mwanafunzi asiyehudhuria asilimia sabini na tano ya mihadhara hafanyi mtihani. Anayerudia somo alilofeli ndiye anayebanwa zaidi, maana akizuiwa yeye hana tena pa kurudia. Anafutwa chuoni, anafungasha vitabu vyake, kwaheri. Muhula una mihadhara kumi na minne. Asilimia sabini na tano yake ni kumi na nusu, na kwa kuwa sijawahi kuona nusu mtu akihudhuria, tunahesabu kumi na moja.

Nieleze kwanza utaratibu wangu, kwa sababu kisa chote kimezaliwa humo. Darasani hupitishwa karatasi nyeupe. Kila mmoja anaandika namba yake ya usajili na kusaini. Karatasi ikinifikia nailinganisha na orodha ya darasa kwenye kompyuta, na namba isiyokuwemo naikata kwa kalamu nyekundu na rula, mstari mmoja ulionyooka. Kuna watu huingia mihadhara isiyowahusu kutafuta kivuli au mchumba, na mimi siwahesabii kivuli. Nikimaliza, karatasi nyeupe naikata vipande vinne navibana kwa klipu, vinakuwa vya kuandikia ujumbe. Sipendi kutupa kitu.

Wanaorudia somo, ambao hawamo kwenye orodha hiyo, nimewatengea karatasi ya njano. Hiyo haipiti darasani. Inakaa mezani kwangu, na mhadhara ukiisha mwenyewe anakuja ofisini kusaini mbele yangu. Kabla hajashika kalamu namuuliza, "Leo mmesoma nini?" Akigugumia, hasaini. Niliibuni mwenyewe hiyo karatasi na nikajipongeza mwenyewe. Nilitaka kuwasitiri watoto wa watu, wasitambuliwe na wenzao kama waliofeli. Tangazo lake nililibandika kwenye kioo cha dirisha langu kwa herufi kubwa kama kiganja. Nani asilione?

Wifi yangu.

Wifi yangu ni mke wa mdogo wangu wa kiume, dereva wa kreni. Kazi yake ni kusimamia tanuri kwenye bekari. Anaingia saa kumi alfajiri, saa tatu asubuhi anavua aproni, na saa nne yuko kwenye ukumbi wa mihadhara, mstari wa nyuma kabisa, akiwa bado na unga kwenye nyusi. Ana miaka thelathini na sita. Alianza shahada ya biashara kwa sababu mikate ya bekari ilikuwa inarudishwa na wateja, na kila mara lawama zilimwangukia yeye na tanuri lake, na hakuwa na la kujibu. Mwenye bekari alimwambia siku akipata shahada, umeneja ni wake. Basi akajitosa.

Nilikuwa simpendi. Nasema wazi, nina umri wa kusema wazi. Siku ya harusi yao nilipewa kipaza sauti nitoe nasaha kwa niaba ya familia. Nilikuwa nimeandika kurasa tatu. Kwenye ukurasa wa pili, pale niliposema kwamba mume ni kama faili, usipompanga mapema hutampata ukimtafuta, bibi harusi akacheka. Hakutabasamu kwa aibu kama mabibi harusi wengine. Alicheka. Kile kicheko chake huanza chini kabisa kama sufuria inayokaribia kuchemka, kinanguruma, unadhani kitatulia, halafu kifuniko kinaruka. Shela likamwanguka, wageni wote wakaambukizwa, na mimi nikaketi. Ukurasa wa tatu sijausoma mpaka leo. Ninao kabatini.

Mwaka jana alifeli Takwimu kwa alama nne. Mdogo wangu akanipigia: "Dada, wifi yako anarudia somo. Mtupie jicho." Nikamwita nyumbani kwangu nikamwambia macho makavu:

"Sikiliza. Chuoni mimi si wifi yako. Ofisini kwangu usije, dirishani usisimame, na ukiniona kwenye korido geuza njia. Sitaki mtu aseme nambeba ndugu yangu."

"Sawa, wifi."

"Na usiniite wifi."

"Sawa," akasema, akitazama sakafu huku mabega yakimtikisika. Nikajua anacheka. Nilidhani atapuuza, kama alivyopuuza nasaha zangu zote kwa miaka tisa. Kumbe hilo moja alilitii. Mimi nami sikutazama hata namba yake ya usajili, nisije nikashawishika.

Jumatatu ya wiki ya kumi na tano, siku nane kabla ya mtihani, nilibandika orodha ya waliozuiwa. Kwa Takwimu alikuwa mmoja tu, namba inayoishia na mia nne kumi na saba, na safu nzima ya karatasi ya njano ilikuwa tupu. Sufuri kwa kumi na minne. Nilipoichapa niliguna: huyu hata aibu hana.

Saa tano mtu akasimama dirishani. Alikuwa wifi yangu, ameikunja aproni mkononi, na hakuwa anacheka. Nilishtuka kwa hilo kuliko kumwona pale.

"Samahani, mama," alisema, kama mwanafunzi mwingine yeyote. "Nafikiri kuna makosa kwenye orodha."

"Orodha zangu hazina makosa. Namba?"

"Inaishia mia nne kumi na saba."

Nikaitazama orodha. "Hujasaini hata mara moja."

"Nimesaini mara kumi na moja. Nimekosa tatu: siku tanuri lilipozimika, siku mtoto alipopata homa, na siku walipokuja wakaguzi wa afya."

"Umesaini wapi?"

"Darasani. Ile karatasi inayopita."

"Hiyo ni ya wanaosoma mara ya kwanza! Wanaorudia wanasaini huku ofisini. Tangazo hilo hapo, miezi mitatu na nusu sasa." Nikagonga kioo.

Akainama akalisoma, midomo ikitembea kimyakimya. Alipomaliza aliinua macho, na hakukuwa na lawama ndani yake, jambo lililonichoma zaidi.

"Uliniambia nisije huku," akasema.

Hapo ndipo ile namba ilinirudia. Mia nne kumi na saba. Nilikuwa nimeikata kwa mkono wangu, Jumanne baada ya Jumanne, kwa rula, kwa wino mwekundu, huku nikisema moyoni: huyu king'ang'anizi anatafuta nini darasa lisilo lake? Mara ngapi? Sikumbuki. Karatasi zenyewe ziko wapi? Nilishazikata vipande vinne.

"Nenda," nilimwambia. "Nenda kwanza. Nitaangalia."

Nilifunga dirisha saa tano na robo. Katika miaka kumi na minane sijawahi kufunga dirisha saa tano na robo. Nikamwaga mezani bati langu la karatasi za ujumbe nikaanza kupekua. "Wino umeisha." "Mpigie fundi wa feni." "Maziwa." Nyuma ya "Maziwa" nikapata mstari mwekundu na tarakimu tatu: nne, moja, saba; na kando yake saini yenye mkia mrefu. Lakini tarehe huandikwa juu ya karatasi, na kipande cha juu sijui niliandikia nini nikakitupa lini. Kipande kimoja kisicho na tarehe. Kanuni inasema nini? Bila karatasi hakuna mahudhurio. Sentensi hiyo niliitunga mimi, nikaipigania kikaoni mpaka ikapita.

Jioni mdogo wangu akapiga simu. Sauti yake ilikuwa chini.

"Dada, umemfanya nini mke wangu? Anakanda unga kimya."

"Kukanda unga kimya ni kosa?"

"Hajawahi. Mtoto ameniuliza kama mama anaumwa."

Nilishika tama mpaka chai ikapoa. Nikajaribu kujitetea kwa nafsi yangu, nikashindwa. Nilikuwa nimemfungia mtu mlango, halafu nikamwandikia hayupo kwa sababu hakuupita. Nilisikia aibu, aibu ya kweli, ile inayopanda mpaka masikioni.

Kesho yake nilikwenda kwa mhadhiri wa Takwimu. Wanafunzi wanamwita Mzee Wastani. Amebakiza mwaka mmoja astaafu, miwani yake ni minene kiasi kwamba akiwa jukwaani watu wa mstari wa tatu kwenda nyuma huwaona kama ukungu, na kila mhadhara anauweka kwenye kinasa sauti kidogo anachokisimamisha kando ya chaki. Kwa ajili ya kitabu, husema. Kitabu hicho kinakuja tangu nilipoajiriwa.

Nikamweleza shida yangu. Nikamuuliza kama anakumbuka mwanamke wa mstari wa nyuma mwenye unga kwenye nyusi.

"Mstari wa nyuma mimi siuoni, binti yangu." Ni mtu pekee chuoni anayeniita binti.

"Ana kicheko," nikasema, bila matumaini. "Kikubwa."

Mzee Wastani akavua miwani. Akaifuta, akaivaa, akanikodolea.

"Cha kuanzia chini? Kama kitu kinachemka?"

"Hicho hicho."

"Ni yeye?" Alisimama kwa ghafla mpaka kiti kikaanguka. "Binti, nimefundisha miaka thelathini na moja. Kila mhadhara nina mzaha mmoja, dakika ya ishirini, ili watu wapumue. Miaka thelathini na moja watu wamepumua tu. Muhula huu, kwa mara ya kwanza, mtu amecheka! Nimekuwa nikijiuliza ni nani. Nilitaka kumshukuru, lakini nitamtafutaje kati ya watu mia tatu?" Akafungua droo, akatoa kinasa sauti akakibusu. "Yumo humu. Yumo humu muhula wote!"

Basi Ijumaa saa nne tukakaa mbele ya Mkuu wa Idara. Ni mwanamama mkavu, mchumi, mwenye tabia ya kumumunya peremende akifikiri, na akiimaliza ndipo anapotoa uamuzi. Wifi yangu alikuwa ameketi ukingoni mwa kiti, mikono mapajani, nywele amezifunga kwa kitambaa safi. Mzee Wastani alivaa tai. Mimi nilikuwa na karatasi ya njano, kalamu na kile kipande cha "Maziwa".

Mkuu wa Idara alinisikiliza mpaka mwisho. Nilisema yote: tangazo, katazo langu, kalamu nyekundu, mkasi. Sikutia chumvi wala kujipunguzia.

"Kwa hiyo," akasema, "Sabini na Tano mwenyewe anaomba kanuni ilegezwe."

Alijua jina! Nikajikaza kisabuni. "Hapana, mkuu. Naomba ifuatwe. Kanuni inataka mtu awe amehudhuria mara kumi na moja. Nataka tuhesabu."

Akatupa peremende mdomoni. "Hesabuni."

Mzee Wastani alibonyeza. Sauti yake mwenyewe ikajaa ofisini, yenye mwangwi wa ukumbi: "...utafiti wangu umeonyesha kwamba wanaokaa viti vya nyuma hufeli zaidi. Mwaka jana nikaamuru viti vya nyuma vihamishiwe mbele. Wakafeli wa mbele." Kimya. Mtu alikohoa. Kalamu ikaanguka mahali. Kisha kule mbali, chini kabisa, ngurumo ikaanza, ikapanda, ikakawia, na kifuniko kikaruka.

"Mhadhara wa kwanza," akasema Mzee Wastani, uso umemng'aa.

Mkuu wa Idara aliinua kidole. "Kicheko nimekisikia. Nitajuaje ni chake? Acheke hapa tulinganishe."

Wifi yangu akafungua mdomo. Akajaribu "ha" moja, ikatoka kama mtu anayepaliwa. Macho yakamjaa maji. "Siwezi," akasema. "Nisameheni. Kwa kuambiwa siwezi."

"Basi kuna mtu anayekijua kicheko hiki vizuri, anayeweza kuapa?"

"Mimi," nikasema.

"Wewe ni wifi yake. Una upande."

"Mkuu, nimekichukia kicheko hicho kwa miaka tisa. Kimenikatiza hotuba mbele ya wageni mia mbili. Nimekisikia kwenye kila shughuli ya familia, jikoni, sebuleni, mpaka msibani kilitoka mara moja akakimbilia nje. Nikiwa usingizini nikikisikia naamka nimekunja uso. Nikikikosea hicho, basi sijui hata sauti ya mama yangu."

Wifi yangu alikuwa amenigeukia, mdomo wazi. Mkuu wa Idara aliihamisha peremende kutoka shavu hili kwenda lile.

"Wifi anamtetea wifi," akasema. "Huo peke yake ni ushahidi ambao sijawahi kuuona. Endeleeni."

Tukaendelea. Mhadhara wa pili, Mzee Wastani anasema: "Mimi nina mke mmoja, jirani yangu ana wake watatu. Kwa wastani kila mmoja wetu ana wake wawili. Sasa huyu wangu wa pili, jirani amemweka wapi?" Kimya, kikohozi, ngurumo, kifuniko. Nikaweka alama. Wa tatu, alama. Wa nne hakuna: tanuri lilizimika. Wa tano, alama. Wa sita, kicheko kilianza hata kabla mzaha haujaisha na Mzee Wastani wa kwenye kinasa sauti akasahau alichotaka kusema. Wa saba hakuna: homa ya mtoto. Wa nane, alama. Katikati yake nilimwona Mkuu wa Idara akigeuza kiti kutazama dirishani, na mgongo wake ulikuwa unatikisika.

Wa tisa. Mzee Wastani akasafisha koo. "Huu ndio mzaha wangu bora kuliko yote," akatuonya, akabonyeza. Ulikuwa mrefu, una mbuzi watatu na afisa wa sensa. Ukaisha. Kimya. Kikohozi. Tukasubiri. Kimya kikaendelea, chaki ikaanza kukwaruza ubao.

"Hakuna," akasema Mkuu wa Idara.

"Nilikuwepo!" wifi yangu akaruka. "Ule wa mbuzi? Nilikuwepo, naapa. Nilikosa wa nne, wa saba na wa kumi na mbili tu."

"Mbona hukucheka?" Mzee Wastani aliuliza, na aliumia kweli, mtu wa watu.

"Samahani, mwalimu. Sikuusikia. Nilikuwa nawaza."

Tukapita. Wa kumi, alama. Wa kumi na moja, alama. Wa kumi na mbili hakuna, wakaguzi wa afya. Wa kumi na tatu, alama. Wa kumi na nne, alama ya mwisho. Nikajumlisha, ingawa sikuhitaji. Nilikuwa nahesabu kwa moyo tangu mwanzo.

"Kumi," nikasema.

Mkuu wa Idara alimaliza peremende yake. Niliisikia ikivunjika kati ya meno. "Pole, mama," alimwambia wifi yangu, na sauti yake ilikuwa ya huruma ya kweli. "Nakuamini. Lakini kumi si kumi na moja, na kanuni hii..." akanitazama, "...unajua nani aliiandika."

Wifi yangu aliitikia kwa kichwa. Akaanza kuikunja aproni yake, mara mbili, mara nne, ikawa ndogo kama kitambaa cha mkono. Hakulia. Afadhali angelia.

Saa ya ukutani ilionyesha saa sita kasoro dakika mbili. Saa sita kamili huwa nafunga, na chuo kizima kinajua hata jengo liungue, mimi saa sita nafunga.

"Wa tisa tumeuacha dakika ya ishirini na moja," nikasema. "Mhadhara ni saa nzima."

"Mzaha ni mmoja tu kwa mhadhara," Mzee Wastani akasema kwa unyonge.

"Hatutafuti mizaha. Tunamtafuta mtu. Karatasi husomwa mpaka mwisho, mkuu, na hiki kinasa sauti ndicho karatasi yetu. Naomba tusikilize mpaka kengele. Chakula nitakula kesho."

Mkuu wa Idara aliitazama saa. Akafungua peremende nyingine.

Tukasikiliza. Dakika ya ishirini na tano, jumla ya alama kugawanya kwa idadi. Dakika ya thelathini, kengele ya baiskeli nje ya ukumbi. Dakika ya thelathini na nane, mtu anakoroma, wazi kabisa, na Mzee Wastani akajifanya hasikii. Wifi yangu alikuwa ameinama mbele, viwiko magotini. Dakika ya arobaini na tatu, sauti ya kwenye kinasa sauti ikasema polepole:

"Madarasa mawili. Yote yana wastani wa hamsini. Darasa la kwanza kila mtu amepata hamsini. Darasa la pili nusu wamepata sufuri, nusu wamepata mia. Ukitazama wastani peke yake utasema ni sawa. Lakini si sawa. Kinachotofautiana ni mtawanyiko. Wastani hauwezi kukuambia..."

"KUMBE!"

Kinasa sauti nusura kipasuke kwa hiyo sauti. Mkuu wa Idara aliruka kitini.

"Kumbe ndiyo maana mikate ya trei ya chini! Jamani, tunapima trei nzima!"

Halafu kikaja kitu ambacho hakikuwahi kusikika kwenye mhadhara wa Takwimu: watu mia tatu wakacheka kwa pamoja, ukumbi mzima, madawati yakigongwa, na juu ya vurugu hiyo sauti ya Mzee Wastani ikifoka, "Kimya! Kimya! Nani ameleta mikate darasani?"

Mzee Wastani alizima mashine. Wifi yangu alikuwa ameziba mdomo kwa viganja vyote viwili.

"Mikate ya trei ya chini ina nini?" Mkuu wa Idara aliuliza.

"Ndiyo inayorudishwa na wateja." Maneno yalimtoka kwa kasi, macho yamewaka. "Sisi tunaweka trei nzima kwenye mizani, mikate kumi, kilo tano, sawa, ipite. Lakini trei ya chini hujazwa mwisho, unga unakaribia kuisha, watu wanakata kwa macho. Mmoja mkubwa, mmoja mdogo kama ngumi, jumla kilo tano ile ile! Mizani inasema sawa, na mteja aliyepata mdogo anaturudishia. Miaka yote lawama ni za tanuri. Siku ile nilipoelewa sikusikia mbuzi wala sensa, sikusikia kitu. Nilirudi bekari nikapima mmoja mmoja."

"Na sasa?"

"Hairudi tena."

Mkuu wa Idara akanigeukia. "Bibi Sabini na Tano, hapa chuoni kuna bekari ngapi kwenye orodha ya Takwimu?"

"Moja tu, mkuu."

"Basi andika."

Nikaandika kumi na moja. Mstari wa moja ya mwisho ulipinda, na rula sikuigusa. Wifi yangu alitazama ile namba, akanitazama mimi, akaitazama tena, na hapo, bila kuambiwa na mtu, ikaanza ngurumo. Chini kabisa. Ikapanda. Mzee Wastani alifumba macho kama mtu anayesikiliza redio. Kifuniko kiliporuka, Mkuu wa Idara alikuwa ameshashindwa, peremende imempalia, anapiga meza. Na mimi? Nilijaribu kukunja uso, ukagoma. Nilicheka mpaka mbavu zikaniuma, na ndipo nilipoelewa kwa nini wageni mia mbili walinisaliti siku ile.

Karatasi ya njano ilihitaji saini zake. Tukaongozana hadi ofisini kwangu. Niliingia, nikavuta kiti, nikageuka, nikamwona bado amesimama nje ya mlango, miguu pamoja, kama mgeni.

"Ulisema nisije," akasema.

"Nilisema upuuzi. Ingia, wifi."

Akaingia. Alikaa kwenye kiti changu, maana ndicho kilichokuwa karibu, na hakuna mtu aliyewahi kukikalia. Akashika kalamu. Nikamzuia mkono.

"Leo mmesoma nini?"

Akanieleza mtawanyiko kwa mikate, akiipanga kwa stepla zangu na mihuri yangu mezani, mikubwa na midogo, mpaka nami nikauelewa. Kisha akasaini mara kumi na moja, kila saini na mkia wake mrefu. Lile tangazo la kwenye kioo nikalibandua nikalipeleka mlango wa ukumbi wa mihadhara, mahali ambapo ningelibandika tangu mwanzo kama ningekuwa na akili ya kutosha.

Jumanne saa nne ilikuwa mtihani. Kazi yangu ni kusimama mlangoni na kuita namba, na kila anayeitwa anaitika "nipo" na kuingia. Watu mia tatu wamepanga mstari, wamekauka kwa hofu, wengine wanaomba dua, wengine wanafungua daftari mara ya mwisho kama litakuwa limebadilika. Niliita kwa sauti yangu ile ile ya siku zote. Nilipofika kwake nikasita kidogo tu.

"Mia nne kumi na saba."

Alikuwa mwisho wa mstari, unga kwenye nyusi zote mbili, kalamu tatu mkononi. Alinitazama, na niliona mabega yake yanaanza kutikisika.

"Nipo, wifi!" akaitika, mpaka mwisho wa korido.

Mstari wote ukageuka kunitazama. Miezi mitatu na nusu nilikuwa nimelikimbia neno hilo lisinikute chuoni, na sasa watu mia tatu walikuwa wamelisikia.

"Nimekuona, wifi," nikasema kwa sauti ile ile. "Umechelewa kupangusa uso. Ingia ukakae."